Mtoto wa paa na watu wa mjini: Ibn Tufayl alivyosimulia imani na akili

Assalaam aleikum, na kwa wale ambao salamu yao ni nyingine habari za jioni, wazee wangu shikamooni. Nimeombwa niongee kuhusu imani, akili na maadili kwenye hadithi, na nadhani waandaaji walitegemea nitachukua ngano zetu au hizi tamthilia ambazo watu wanazifuatilia kwenye simu usiku mpaka macho yanauma, lakini mi nimekuja na kitabu kimoja tu, cha mzee mmoja wa Andalus, yaani Hispania ya enzi za Waislamu, aliyefariki mwaka 1185, kwa sababu tangu nimekisoma sijakutana na hadithi nyingine inayouliza hili swali bila woga kama ile: mtu akiachwa na akili yake peke yake, hana kitabu, hana sheikh wala padri, hana hata lugha, atamfikia Mungu? Na akimfikia, ataishi vipi na viumbe wengine? Halafu kuna lile ambalo ndo hasa limenitoa nyumbani leo, akirudi kwa watu kuwaambia alichokiona, watamsikiliza?

Kitabu kinaitwa Hayy ibn Yaqdhan, ni kifupi tu, na mwandishi wake ni Abu Bakr Ibn Tufayl. Alizaliwa mwanzoni mwa karne ya 12 huko Wadi Ash, mji ambao leo Wahispania wanauita Guadix, sio mbali na Granada. Alikuwa tabibu, mshairi, mtu wa falaki, akawa katibu wa gavana wa Granada, akapanda ngazi mpaka akawa tabibu wa khalifa mwenyewe, Abu Yaqub Yusuf, wa dola ya Muwahidun iliyotawala Maghrib, yaani kaskazini magharibi mwa Afrika, na Andalus makao makuu yakiwa Marrakesh. Kwa hiyo jamani huyu sio mtu aliyekaa pembeni analalamika, huyu alikuwa ndani ya jumba la utawala, anaonana na mkuu wa dola, anajua siasa ya dini inavyokwenda.

Kuna kisa chake kimoja kimehifadhiwa na mwanahistoria Abd al-Wahid al-Marrakushi, hebu nikieleze kabla hatujaingia kwenye hadithi yenyewe. Ibn Tufayl alimpeleka mtu mmoja mbele ya khalifa, na mtu huyo ni Ibn Rushd, ila wakati huo bado hajawa yule mwanafalsafa Ibn Rushd ambaye dunia nzima inamjua. Khalifa akamuuliza jina la baba yake na ukoo wake, halafu hapo hapo akamtupia swali, wanafalsafa wanasemaje kuhusu mbingu, ni za tangu na tangu au zilianza kuwepo? Ibn Rushd akaingiwa na hofu, akaona aibu, akaanza kukana akisema yeye hajishughulishi na falsafa. Mtu anajua jibu lakini anaona jibu litamponza. Khalifa akaing'amua ile hofu, akageuka akaanza kuzungumza na Ibn Tufayl kuhusu swali lile lile, Aristotle kasema nini, Plato kasema nini, wanazuoni wa Kiislamu wamewajibu vipi, wanaongea taratibu mpaka yule mgeni akatulia na yeye akafungua mdomo. Alipotoka akapewa fedha, joho la heshima na mnyama wa kupanda.

Na ile hofu haikuwa ya bure, kwa sababu mwaka 1195, Ibn Tufayl ameshafariki na khalifa ni mtoto wa yule yule Abu Yaqub, Ibn Rushd alifukuzwa akapelekwa mji wa Lucena huko huko Andalus na vitabu vyake vya falsafa vikachomwa moto. Kwa hiyo mkisikia mtu wa zama zile ameamua kuongelea akili na imani kupitia stori ya mtoto aliyelelewa na mnyama, msidhani anacheza. Ila pia msidhani ni woga peke yake, mi naamini aliichagua hadithi kwa sababu kuna jambo hadithi inalifanya na hoja kavu haiwezi, na nitajaribu kuwaonyesha hilo kutoka kwenye kitabu chake mwenyewe, ingawa yeye mwenyewe mwishoni anaonekana kulikana.

Sasa twende kisiwani. Anasema kuna kisiwa upande wa Bahari ya Hindi, chini ya mstari wa ikweta, hali ya hewa yake ni ya wastani kuliko mahali pengine popote. Mtoto alifikaje pale? Ibn Tufayl anatoa maelezo mawili na hachagui. La kwanza ni la watu wa sayansi ya wakati ule, kwamba udongo ulichacha ukachemka mahali joto na baridi, ukavu na unyevu vimelingana sawasawa, mtoto akatokea humo bila baba wala mama. La pili ni la wasimulizi, kwamba kwenye kisiwa jirani kulikuwa na mfalme mkali aliyemzuia dada yake asiolewe, dada akaolewa kwa siri na jamaa anayeitwa Yaqdhan, akazaa, akaogopa, akamnyonyesha mtoto mpaka akashiba, akamtia kwenye sanduku akalifunga vizuri, usiku akalisukuma baharini huku anamuomba Mungu amlinde. Hapo kila mtu anamkumbuka Nabii Musa, na mwandishi anajua kabisa kwamba tutamkumbuka.

Na haya mambo ya binti mfalme na sanduku baharini ni mali ya barazani, ni ya bibi na wajukuu. Mwaka 1926 mtafiti Mhispania Emilio García Gómez aliandika kwamba kulikuwa na hadithi moja ya Kiarabu iliyokuwa ikisimuliwa ambayo ndo chemchemi ya Ibn Tufayl na pia ya mwandishi wa Kihispania Baltasar Gracián aliyekuja karne ya 17. Majina nayo Ibn Tufayl kayachukua kwa Ibn Sina, mwanafalsafa wa kabla yake, ambaye aliandika kisa chake kifupi chenye jina hilo hilo Hayy ibn Yaqdhan, ila cha Ibn Sina ni mafumbo tupu, msomaji wa kawaida hapati pa kushika. Ibn Tufayl alichofanya ni kuchukua jina la wasomi na kulivika stori ya watu, na hapo ndipo kitabu kikawa na damu.

Sanduku likafika ufukweni, mtoto, ambaye ndiye Hayy mwenyewe, analia, paa jike aliyepoteza mwanawe akamsikia akadhani ni mwanawe, akamfuata, akamnyonyesha. Paa akamlea. Akimpeleka kwenye miti yenye matunda, tunda likiwa gumu anamvunjia, akisikia kiu anampeleka majini, usiku wa baridi anamfunika. Mtoto akakua anaiga sauti za wanyama na ndege. Akaanza kujiangalia, akaona wenzake wana pembe na kwato na manyoya na yeye hana kitu, yuko uchi, hana silaha, hana mbio, ikamuuma. Akajifunga majani, yakikauka yanadondoka, baadaye akakuta tai aliyekufa akachukua mabawa na mkia akavaa, wanyama wakaanza kumuogopa isipokuwa mama yake.

Halafu paa akazeeka. Na hapa mnisamehe nitakaa kidogo. Hayy alikuwa anampeleka kwenye malisho mazuri na anamchumia matunda matamu anamlisha kwa mkono wake. Nyie mliokulia pwani mnaijua ngano ya Sultani Darai, ipo kwenye kitabu cha Steere cha mwaka 1870 cha ngano za Unguja, maskini anapekua jaani, anaokota kisarafu, ananunua paa, yule paa kwa akili yake anamtajirisha na kumuoza binti wa sultani, na siku paa anaumwa yule bwana anaona tabu hata kumjali, anaagiza apewe uji wa hovyo, paa anakufa anatupwa kisimani, na bwana akishtuka usingizini anajikuta amerudi jaani anapekua. Ibn Tufayl hakuijua ngano hiyo na wasimulizi wa Unguja sina haja ya kudhani walimsoma, lakini hizi hadithi mbili zinapima mtu kwa kipimo kimoja, umemfanyia nini mnyama aliyekulea siku nguvu zilipomuishia. Yule bwana alikuwa na dini na mji na mke na heshima zote, akashindwa. Hayy hana kitu, hajui hata kama kuna neno "mama", akafaulu. Kwa hiyo maadili kwenye kitabu hiki yameanza kabla ya falsafa, yameanza kwenye kulisha mzee tunda kwa mkono, na mi nashangaa wachambuzi wengi wanapita hapa mbio mbio wakikimbilia mambo ya nyota.

Paa akafa. Hayy akiwa na miaka 7. Akamwita kwa ile sauti ambayo siku zote alikuwa akiiitikia, kimya. Akamwangalia masikio, akamwangalia macho, haoni ubovu wowote, viungo vyote vipo. Akawaza lazima kuna kitu ndani kimeharibika, na akikitoa kile kinachomzuia atarudi kama zamani. Jamani, akili ya huyu mtoto inaanza kufanya kazi kwa sababu anataka mama yake arudi, basi. Akatengeneza visu vya mawe makali na matete makavu, akapasua kati ya mbavu, akakuta pafu, kwanza akadhani ndo lenyewe, halafu akaona limeegemea upande, na yeye anatafuta kitu cha katikati, akaendelea mpaka akaufikia moyo. Akaupasua moyo. Chumba cha kulia kina damu iliyoganda, cha kushoto kitupu. Akasema moyoni mwake, chumba kama hiki hakiwezi kuwa kimejengwa bure, kilikuwa na mwenyewe, na mwenyewe amehama. Na hapo akaelewa kwamba aliyemnyonyesha na kumpenda alikuwa ni yule aliyehama, ule mwili alikuwa anautumia tu.

Mwili ukaanza kunuka, hajui aufanye nini, mara akaona kunguru wawili wanapigana mpaka mmoja akamuua mwenzake, halafu aliyeua akafukua ardhi akamfukia. Wenye Qur'ani wanaikumbuka hii kwenye kisa cha Qabil na Habil. Hayy akawaza, kunguru amefanya vizuri kumzika mwenzake ijapokuwa amekosea kumuua. Mtoto wa miaka 7, hana sharia, anatoa hukumu mbili kwa tendo la mnyama mmoja, hili zuri hili baya. Akamzika mama yake.

Miaka mingine ya kukua nitaipitisha haraka maana mtasoma wenyewe. Akakuta moto umewaka kwenye kichaka cha matete yaliyosuguana, akauchukua, akapika samaki, akadhani kile kilichohama kwa mama yake kinafanana na moto, akawapasua wanyama, hata walio hai, akakuta mvuke mweupe wa moto kwenye chumba cha kushoto cha moyo. Hilo la kupasua walio hai linaumiza kusoma, na ni vizuri liumize, kwa sababu Ibn Tufayl anatuonyesha akili ikiwa na udadisi lakini bado haijawa na huruma, na huruma itakuja mbele. Anamhesabia umri kwa saba saba, mpaka 21 ameshajua maumbile ya viumbe, nguo za ngozi, nyumba, silaha, kufuga ndege wa kuwindia. Mpaka 28 ameshafika kwenye mbingu na nyota.

Na akifika kwenye mbingu anakutana na swali gani? Lile lile la khalifa. Ulimwengu ni wa tangu na tangu, au ulianza? Akalizungusha miaka, kila upande una hoja na kila upande una mkwamo. Halafu Ibn Tufayl anafanya jambo ambalo mi nalisimamia mpaka kesho, anamuacha Hayy bila jibu, lakini Hayy anagundua kwamba njia zote mbili zinamfikisha sehemu moja: kama ulimwengu ulianza, lazima kuna aliyeuanzisha, na kama haukuanza, basi mwendo wake usiokoma unamhitaji mwendeshaji asiye mwili na asiyechoka. Swali lililomtetemesha Ibn Rushd mbele ya khalifa, huku kisiwani limekosa makali kabisa, sio kwa sababu halina maana ila kwa sababu imani haikuwekwa rehani kwenye jibu lake. Vijana wengi mnapigana kwenye makomenti usiku mzima mmoja kashika sayansi mwingine kashika aya, kila mmoja anaamini swali moja likijibiwa vibaya dini yote inaanguka, nendeni mkasome zile kurasa.

Akiwa na miaka 35 moyo wake wote umehamia kwa huyo Muumba. Na hapa ndipo kitabu kinapopanda juu, kwa sababu Hayy haishii kujua, anajiuliza afananeje na Yule aliyemjua. Akaangalia nyota, zinatoa mwanga na joto kwa vilivyo chini yake na wala hazidai kitu, akaamua na yeye awe hivyo hapa duniani. Akikuta mmea umezibwa jua na mwingine anautenganisha bila kuudhuru ule mwingine, akikuta umekauka anaumwagilia, akikuta mnyama amekabwa na mwindaji au amechomwa na mwiba au ana njaa anamsaidia, maji ya mkondo yakizibwa na jiwe anaondoa jiwe. Chakula chake akakiwekea masharti. Ale matunda yaliyoiva, na kokwa asizile wala asizitupe kwenye mwamba au ardhi ya chumvi, azitupe panapoota. Akikosa matunda ndo ale mboga au mayai au nyama, na hapo achukue kwenye aina iliyo nyingi, asimalize kizazi cha kiumbe yeyote. Karne ya 12 hiyo! Mtu anayesema dini haina habari na mazingira, au anayesema huruma kwa mazingira ni jambo la wazungu la juzi, mpeni ukurasa huo asome kwa sauti.

Yule aliyekuwa akipasua wanyama hai ndo huyu anayetoa mwiba kwenye mguu wa mnyama. Akili ile ile. Kilichobadilika ni kwamba sasa anajua viumbe wote wana mwenyewe.

Sasa Absal. Kwenye kisiwa jirani watu walikuwa na dini ya nabii mmoja, na kulikuwa na marafiki wawili, Absal na Salaman, wote wacha Mungu, wanasali pamoja, ila Absal anapenda kuzama kwenye maana za ndani na Salaman anashika dhahiri. Ndani ya dini yao kulikuwa na maneno yanayohimiza kujitenga na maneno yanayohimiza kukaa na watu, Absal akashika yale, Salaman akashika haya, hawakugombana, wakaagana. Absal akagawa mali yake kwa maskini, akakodi chombo, akashushwa kwenye kile kisiwa akijua hakina mtu. Siku wakakutana, Absal akakimbia, Hayy akamfukuza maana hajawahi kumuona kiumbe kama yule, na lile joho jeusi la sufu alidhani ni ngozi yake. Akamkamata, akamtuliza kwa sauti za wanyama maana hana nyingine. Baadaye Absal akamfundisha lugha, anagusa kitu anataja, anagusa kitu anataja.

Hayy alipoweza kuongea akasimulia alichokiona, na Absal akaona kila kitu kwenye dini yake kimefunguka, moyo wake na kile alichokisoma vimekutana. Na Hayy naye aliposikia habari za yule nabii akakubali, akasema huyu ni mkweli, akaanza kuswali na kufunga kama Absal. Mnaona? Wengi wanadhani kitabu hiki kinasema akili inatosha dini haihitajiki, lakini Hayy, mtu wa akili tupu, ndo anaipokea dini bila ubishi. Alibaki na maswali mawili tu, kwa nini nabii alitumia mifano na picha badala ya kusema ukweli wazi, na kwa nini aliwaruhusu watu kulimbikiza mali. Shikeni lile swali la kwanza.

Hayy akasema twende nikawaeleze. Absal akamwambia watu wale hawako hivyo unavyodhani, lakini merikebu iliyopotea njia ikapita wakapanda. Wakafika mjini, Salaman ameshakuwa kiongozi, Hayy akapokelewa kwa heshima kubwa, akakusanyiwa wale walioonekana bora kuliko wote kwa uelewa. Akaanza kufundisha. Alipopanda kidogo tu juu ya dhahiri, wakaanza kujikunja, nyuso zinatabasamu kwa sababu ni mgeni na ni rafiki wa Absal, mioyo inachukia. Akarudia, mchana na usiku, faragha na hadharani, wakazidi kukimbia. Mwisho akakata tamaa nao. Akaenda kwa Salaman akaomba radhi, akawaambia ameona kama wao wanavyoona, wabaki kwenye mipaka ya sharia, wafuate wema waliotangulia, waache kuchimba yasiyowahusu. Akaondoka na Absal wakarudi kisiwani wakaabudu mpaka kifo kikawafika.

Hapo mzee wangu Ibn Tufayl mi simfuati. Anasema, na anatumia aya kali ya Qur'ani inayowafananisha watu na wanyama wa kufugwa, kwamba watu wengi ni hivyo, hawana uwezo zaidi ya pale. Lakini hebu angalieni kitabu chake chenyewe. Hayy alichukua miaka karibu 50 kufika alipofika. Alianza kwa kufiwa. Alipita kwenye moyo wa paa, kwenye kunguru, kwenye moto, kwenye nyota, kila hatua ameishika kwa mkono wake. Halafu alipofika mjini akawapa nini wale watu? Akawapa mwisho wa safari. Hakuna mahali panapoonyesha kwamba aliwasimulia habari za mama yake. Na nina hakika, kwenye ule mji kulikuwa na watu waliofiwa, walikuwepo waliokaa mbele ya maiti wakaita jina na wasiitikiwe, angeanzia pale wangemfuata mbali sana, labda sio wote, lakini wangemfuata. Lile swali lake, kwa nini nabii alitumia mifano, alikuwa na jibu mbele ya macho yake na bado akadhani tatizo ni watu.

Na Ibn Tufayl mwenyewe hakufanya kama Hayy. Angeweza kuandika risala kavu. Kwenye utangulizi anawapima wanafalsafa na wanazuoni wakubwa waliomtangulia, anamlaumu Farabi, anasema Ibn Bajja aliishia kwenye hoja na mambo ya dunia yakamshughulisha, hata Ghazali anamlalamikia kwamba kwenye vitabu vyake vya umma anafunga hapa anafungua pale, jambo analoliita ukafiri sehemu moja anarudi kulikubali sehemu nyingine, ingawa hana shaka kwamba Ghazali alifika daraja za juu. Baada ya kuwapitia wote hao, yeye akasema nitakusimulia kisa. Na mwisho wa kitabu anaomba radhi kwamba amefichua siri, ila amezifunika kwa pazia jembamba, anayestahili atalichana kirahisi na asiyestahili litamzuia. Pazia hilo ni paa na sanduku na kunguru. Miaka zaidi ya 800 baadaye mimi na nyie, ambao kwa hesabu ya Hayy ni watu wa mjini tu, tumekaa hapa jioni tunaongelea uwepo wa Mungu kwa sababu ya lile pazia. Kwa hiyo mkono wa Ibn Tufayl ulipinga mdomo wake.

Wapo waliomjibu zamani kuliko mimi. Ibn al-Nafis, tabibu wa Damascus na Cairo aliyefariki 1288, yule aliyeandika kwamba damu inatoka upande wa kulia wa moyo inapita kwenye mapafu ndo inafika upande wa kushoto, alitunga hadithi yake na yeye, kijana Kamil anatokea pangoni kisiwani peke yake, lakini huyu watu wanamjia kwa chombo, wanampa mkate na nguo, anaonja chakula kilichopikwa anashangaa, na anagundua kwamba binadamu hawezi kuishi vizuri peke yake, anahitaji wenzake, na wenzake wanahitaji sheria, na sheria inahitaji nabii. Yaani Ibn al-Nafis amemtoa mtu kisiwani kwa kumpa mkate. Mi napenda sana kwamba alimjibu hadithi kwa hadithi, hakumwandikia fatwa.

Ulaya nako kitabu cha Ibn Tufayl kilitembea. Musa wa Narbonne, Myahudi, alikiandikia maelezo ya ufafanuzi kwa Kiebrania mwaka 1349. Mwaka 1671 Edward Pococke mtoto, sio baba yake, alikichapa Oxford kwa Kiarabu na Kilatini, miaka mitatu tu baadaye George Keith wa dhehebu la Kikristo la Quaker akakitoa kwa Kiingereza kwa sababu wale watu wanaamini kuna nuru ndani ya kila mtu na walimwona Hayy kama shahidi wao. Simon Ockley akakitafsiri tena 1708 kutoka kwenye Kiarabu chenyewe, na mwishoni akaongeza maelezo ya kuwatahadharisha wasomaji wasije wakadhani mtu anaweza kufika kwa Mungu bila misaada ya nje ya dini. Waislamu, Wayahudi, Wakristo, kila mmoja kakipenda na kila mmoja kakiogopa kidogo.

Nimeulizwa pale mlangoni kabla hatujaanza, je huyu Hayy alikosea kuondoka? Mi nasema ndiyo. Wale wakubwa waliokusanywa na Salaman walishakuwa na vyeo vya kulinda na mali ya kuhesabu, lakini ule mji ulikuwa na watoto, na hakuna aliyewaleta mbele yake. Angekaa, akae nao chini ya mti, awaonyeshe jinsi ya kutenganisha mmea uliozibwa jua, awaambie mahali pa kutupa kokwa, na siku mmoja wao akifiwa na mbuzi wake au na bibi yake ndo amwambie alichokikuta kwenye chumba cha kushoto cha moyo. Ingechukua miaka, ndiyo, hata yeye ilimchukua miaka. Salaman, ambaye wasomi wengi wanamdharau kwamba ni mtu wa dhahiri, yeye alibaki na watu wake, na sijui kwa nini hakuna aliyemsifia kwa hilo, leo mimi namsifia.

Basi nimesema yangu. Namuona mzee wetu pale mbele anatikisa kichwa tangu nilipomtaja Ghazali, na najua anamjua Ghazali kuliko mimi, kwa hiyo mikrofoni tumpe yeye kwanza, halafu yule dada mwenye daftari.